Nani Mwenye Wimbo? Maisha na Kazi ya Chuck Berry

Katika somo la fasihi simulizi, swali la mtunzi hutusumbua mara kwa mara. Wimbo huimbwa, hupokewa na wengine, huongezwa beti, hupunguzwa, na mwishowe mtafiti anapouliza ni nani aliyeutunga hujibiwa kwamba ni wimbo wa wazee. Wengi wetu hudhani kwamba tatizo hilo ni la jamii zisizoandika, na kwamba pale penye karatasi, sahihi, mikataba na mahakama, kila wimbo una mwenyewe anayejulikana. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba sivyo. Tutachukua kwa mfano maisha na kazi ya Chuck Berry, mwimbaji na mpiga gitaa wa Marekani, ambaye huhesabiwa miongoni mwa waasisi wa muziki wa roki. Mtu huyu alilazimishwa kugawana na wengine jina la mtunzi juu ya santuri yake ya kwanza; baada ya miaka mingi, yeye naye alishitakiwa kwa kumnyima mwenzake haki hiyohiyo.

Charles Edward Anderson Berry alizaliwa tarehe 18 Oktoba 1926 mjini St. Louis, katika jimbo la Missouri, katika nyumba iliyokuwa kwenye njia iitwayo Goode. Msomaji aliweke akilini jina hilo la njia, maana tutalirudia. Mtaa wao uliitwa The Ville, nao ulikuwa mtaa wa Weusi wenye kujimudu kidogo, wenye shule zao, makanisa yao na biashara zao, katika mji uliowatenga na Wazungu. Baba yake alikuwa fundi wa ujenzi na shemasi katika kanisa la Wabatisti. Mama yake alikuwa mwalimu. Mwaka 1941, akiwa bado mwanafunzi katika shule ya sekondari ya Sumner, alipanda jukwaani kwenye tamasha la shule akaimba wimbo wa bluzi. Wanafunzi walimshangilia, walimu wakanuna, kwa kuwa bluzi haikuwa muziki wa watu wenye adabu. Twaweza kusema kwamba siku hiyo alijifunza nani atakuwa hadhira yake maisha yote.

Mwaka 1944, kabla ya kumaliza masomo, yeye na wenzake wawili waliiba katika maduka ya Kansas City kwa kuwatisha watu kwa bastola, wakateka na motokaa. Alihukumiwa miaka kumi katika gereza la vijana la Algoa, akaachiliwa siku alipotimiza miaka 21, yaani tarehe 18 Oktoba 1947. Mwaka uliofuata alimwoa Themetta Suggs, ambaye alikaa naye hadi kifo. Ili kulisha jamaa yake alifanya kazi katika kiwanda cha miili ya motokaa, akawa mfagizi, akajifunza pia kazi ya kutengeneza nywele. Gitaa lilikuwa la jioni na la mwisho wa juma.

Usiku wa tarehe 31 Desemba 1952 ndio uliobadili mambo. Mpiga piano mmoja aliyeitwa Johnnie Johnson, mzaliwa wa West Virginia, alikuwa na kikundi cha watu watatu kilichojulikana kwa jina lake. Mpiga saksafoni wake aliugua, naye akamwita Berry azibe pengo kwa usiku huo mmoja. Berry hakuondoka tena. Kikundi kilipiga katika ukumbi wa Cosmopolitan, ng'ambo ya mto Mississippi, huko East St. Louis, na wasikilizaji wake wengi walikuwa Weusi. Hapo Berry alianza kuchanganya bluzi na nyimbo za mashambani za Wazungu, zile zilizosikika redioni kote Missouri. Kwanza watu walicheka, wakauliza ni Mweusi gani huyu mwenye kuimba kama Mzungu wa mlimani. Kisha wakaanza kumwomba azirudie ili wapate kucheza. Muda haukupita mrefu kikundi cha Johnson kikawa kikundi cha Berry. Johnson mwenyewe hakupinga: alikuwa mtu wa kimya, mwenye kupenda kinywaji, na Berry ndiye aliyekuwa na motokaa, na maneno, na ujasiri wa kutafuta kazi. Ila tukumbuke kwamba huo ulikuwa uhamisho wa kwanza wa jina katika kisa hiki.

Mwezi Mei 1955 Berry alisafiri mpaka Chicago, akamsikiliza Muddy Waters, bingwa wa bluzi aliyemheshimu sana, akamuuliza aende wapi ili apate kurekodi. Waters alimwelekeza kwa Leonard Chess, mwenye kampuni ya santuri ya Chess. Berry alidhani kwamba watapenda bluzi zake, maana hiyo ndiyo iliyokuwa biashara ya nyumba ile. Chess alivutiwa badala yake na wimbo wa mashambani ambao Berry aliupiga kwa mchezo, uliotokana na wimbo wa kale uitwao Ida Red, ambao Wazungu wa Kusini walikuwa wakiucheza kwa fidla. Jina lilibadilishwa, maneno yakaandikwa upya kuwa kisa cha mwanamume anayemfukuza kwa motokaa mpenzi wake asiye mwaminifu, na tarehe 21 Mei 1955 ukarekodiwa kwa jina la Maybellene. Johnson alipiga piano. Katika orodha ya muziki wa Weusi wimbo huo ulifika nafasi ya kwanza, na katika orodha ya jumla, ambamo Weusi waliingia kwa shida, ulifika nafasi ya tano.

Hapo ndipo mwanafunzi wa fasihi afungue macho. Berry alipoishika santuri yake alikuta kwamba watunzi walioandikwa ni watatu: yeye mwenyewe, Alan Freed na Russ Fratto. Freed alikuwa mtangazaji mashuhuri wa redio mjini New York, ambaye aliupiga wimbo huo mara nyingi mno; Fratto alikuwa mfanyabiashara wa Chicago aliyehusiana na Chess kwa mambo ya fedha. Hakuna hata mmoja wao aliyetunga neno wala noti. Jina la mtunzi lilikuwa limegeuzwa kuwa malipo: aliyeandikwa alipata fungu kwa kila santuri iliyouzwa na kila mara wimbo ulipopigwa redioni, na kwa hiyo alikuwa na sababu ya kuupiga. Berry hakuulizwa. Majina hayo mawili yalifutwa mwaka 1986 tu, baada ya miaka 31.

Tangu siku hiyo Berry hakumwamini mtu katika mambo ya fedha, na tabia yake yote ya baadaye, ambayo wengi waliiita uchoyo, yapaswa kusomwa pamoja na tukio hilo. Alikuwa akisafiri peke yake na gitaa lake, akidai alipwe taslimu kabla ya kupanda jukwaani, huku wenye ukumbi wakimtafutia wapigaji wa mahali hapo. Hakufanya nao mazoezi. Hakuwaambia hata nyimbo zitakazopigwa. Bruce Springsteen, alipokuwa bado kijana asiyejulikana, alikuwa mmoja wa wapigaji hao kwa usiku mmoja. Nyimbo za Berry zilikuwa zimeenea hata ikawa inadhaniwa kwamba kila mwanamuziki kijana lazima azijue. Muziki, hata hivyo, uliumia: mara nyingi gitaa lake lilikuwa halikulinganishwa vizuri na vyombo vingine, naye hakujali.

Sasa tuitazame kazi yenyewe, maana ni kwa ajili yake tunamtaja mtu huyu. Kati ya 1955 na 1960 alitoa mfululizo wa nyimbo ambazo bado ni kama sarufi ya muziki wa roki: Roll Over Beethoven mwaka 1956, School Days na Rock and Roll Music mwaka 1957, Sweet Little Sixteen na Johnny B. Goode mwaka 1958. Upigaji wake wa gitaa haukutoka hewani. Alichukua kwa T-Bone Walker ile namna ya kupiga nyuzi mbili kwa pamoja, akajifunza kwa Charlie Christian, na ule mwanzo maarufu wa Johnny B. Goode unafanana sana na mwanzo uliopigwa na Carl Hogan katika santuri ya Louis Jordan ya mwaka 1946. Alichokiongeza Berry ni kasi, na kulifanya gitaa lijibizane na mwimbaji kama kiitikio kinavyomjibu kiongozi wa ngoma.

Katika lugha ubunifu wake ulikuwa mkubwa zaidi, na hapo, kwa maoni yetu, ndipo penye haki yake isiyo na ubishi. Watunzi wengi wa bluzi walipanga mistari inayohama kutoka wimbo hadi wimbo, kama vile mafumbo na methali zinavyohama katika nyimbo zetu. Berry alitunga hadithi: ina mahali, ina saa, ina aina ya motokaa, ina kengele ya shule, ina mwanzo na mwisho, yote katika dakika mbili na nusu. Alibuni maneno pale Kiingereza kilipompungukia. Katika Maybellene, kwa mfano, aliunganisha neno la motokaa na lile la kutia hamasa akapata kitenzi kipya, nacho kikaeleweka mara moja. Katika kitabu cha maisha yake kilichotoka 1987 ameeleza kwamba alimfuata Nat King Cole katika utamkaji safi. Jambo hilo si dogo. Alitamka kila silabi ili kijana Mzungu wa kijijini asikose neno, na watu wengi waliomsikia redioni kabla ya kuona picha yake walidhani kwamba ni Mzungu.

Uteuzi huo wa maneno ulikuwa na gharama. Shujaa wa Johnny B. Goode ni kijana wa Kusini asiyejua sana kusoma na kuandika lakini hodari wa gitaa, na mama yake anamtabiria kuwa siku moja jina lake litawashwa kwa taa. Berry ameeleza kwamba katika maneno yake ya kwanza alimtaja kijana huyo kwa rangi yake. Kisha akaibadili sifa hiyo akamwita kijana wa shamba, kwa kuwa alijua kwamba redio za Wazungu zisingeupiga wimbo. Neno moja limeondolewa, na hadhira imeongezeka mara kumi. Je, tuite hekima au tuite hasara? Sisi twadhani kwamba ni yote mawili. Na jina la shujaa huyo limetoka wapi? Goode ni ile njia aliyozaliwa Berry. Johnny ni Johnnie Johnson, mpiga piano.

Mwezi Desemba 1959 Berry alikamatwa kwa kuvunja sheria ya mwaka 1910 iitwayo Mann Act, iliyokataza wakati huo kumvusha mwanamke kutoka jimbo hadi jimbo kwa nia ya ufisadi. Alikuwa amemchukua msichana wa miaka 14 kutoka mpaka wa Mexico akamleta St. Louis afanye kazi katika klabu yake. Hukumu ya kwanza ya mwaka 1960 ilifutwa na mahakama ya rufani kwa sababu jaji alikuwa amesema maneno ya ubaguzi wa rangi mbele ya baraza. Katika kesi ya pili, mwaka 1961, alihukumiwa tena, miaka mitatu gerezani. Wapenzi wa muziki wake hupenda kukaa juu ya ubaguzi wa jaji yule na kumpita haraka msichana yule. Mambo yote mawili ni kweli, na hakuna moja linalolifuta jingine. Wala halikuwa jambo la mwisho la aina hiyo: mwaka 1990 wanawake wengi walimshitaki kwamba aliweka kamera za siri katika choo cha mkahawa wake, na shauri hilo likamalizwa kwa malipo nje ya mahakama.

Alikaa gerezani tangu Februari 1962 hadi Oktoba 1963. Huko alitunga baadhi ya nyimbo zake bora zilizotoka mwaka 1964, na mojawapo, Promised Land, yastahili kusomwa darasani. Ni safari ya maskini mmoja kutoka Norfolk, katika Virginia, mpaka California, kwa basi, kwa treni na mwishowe kwa ndege. Ili kuupanga mfuatano wa miji, Berry aliomba ramani katika maktaba ya gereza, na asimulia kwamba wakuu walisita kumpa, wakihofu kwamba mfungwa anayeuliza njia ana nia ya kutoroka. Basi la msafiri lapita karibu na Rock Hill. Mjini Birmingham laharibika. Msikilizaji wa leo huona majina ya miji tu. Msikilizaji Mweusi wa 1964 alikumbuka kwamba mwezi Mei 1961 vijana waliosafiri kwa mabasi kupinga ubaguzi walipigwa mjini Rock Hill, na siku chache baadaye wakapigwa vibaya zaidi mjini Birmingham. Wimbo hausemi lolote juu ya hayo, wala hauna haja ya kusema. Na tuni yake? Ni ya Wabash Cannonball, wimbo wa kale wa treni.

Wakati Berry yumo gerezani, kikundi cha Beach Boys kilitoa mwaka 1963 wimbo Surfin' U.S.A., ambao tuni yake ilikuwa ile ya Sweet Little Sixteen. Haki za wimbo zilipewa kampuni iliyochapisha nyimbo za Berry, na baadaye jina lake likaandikwa. Huko Uingereza, santuri ya kwanza ya Rolling Stones, iliyotoka mwaka huohuo, ilikuwa wimbo wa Berry. Beatles nao waliimba nyimbo zake kadhaa. Kisa cha John Lennon ndicho chenye mafunzo zaidi. Wimbo wake Come Together wa mwaka 1969 ulianza kwa maneno yaliyokaribia mno yale ya Berry katika You Can't Catch Me, naye akashitakiwa. Mshitaki hakuwa Berry. Alikuwa Morris Levy, mfanyabiashara aliyeimiliki haki ya wimbo. Sheria, basi, yamtambua mwenye wimbo, na mwenye wimbo si lazima awe mtunzi.

Wala Berry mwenyewe hakuwa mtakatifu katika jambo hili. Wimbo wake pekee uliofika nafasi ya kwanza katika orodha ya jumla ya Marekani ni My Ding-a-Ling, wa mwaka 1972, mchezo wa maneno machafu kidogo uliorekodiwa mbele ya watu mjini Coventry, Uingereza. Inasikitisha kidogo kwamba mtunzi wa Promised Land alipata ushindi wake mkubwa kwa mzaha huo. Wimbo wenyewe ulikuwa umerekodiwa na Dave Bartholomew wa New Orleans tangu mwaka 1952, lakini santuri ya 1972 ilibeba jina la Berry.

Mwaka 1979 aliimba mbele ya Rais Jimmy Carter katika Ikulu ya Marekani, na mwaka huohuo akahukumiwa miezi minne gerezani kwa kukwepa kodi. Zile fedha taslimu zilikuwa na upande wake wa pili. Mwaka 1986 alikuwa miongoni mwa watu wa kwanza kuingizwa katika Jumba la Heshima la roki, na Oktoba mwaka huo Keith Richards wa Rolling Stones alimwandalia tamasha mjini St. Louis kwa ajili ya filamu. Richards alimtafuta Johnnie Johnson akamkuta akiendesha basi la wazee. Alipomsikiliza akagundua jambo ambalo wapiga gitaa wengi hawakulifikiria: nyimbo nyingi za Berry zimo katika ngazi za sauti za mi-bemoli na si-bemoli. Hizo si ngazi zinazomjia kwa wepesi mtu anayetunga juu ya nyuzi za gitaa. Ni ngazi za piano na tarumbeta. Richards akahitimu kwamba Berry alikuja na maneno, Johnson akampa muziki, na gitaa likafuata vidole vya mpiga piano.

Mwezi Novemba 2000 Johnson alimshitaki Berry mahakamani, akidai kuwa mtunzi mwenza wa nyimbo zaidi ya 50. Mwaka 2002 mahakama iliitupa kesi kwa sababu muda wa kudai ulikuwa umepita zamani; haikuamua kama dai lilikuwa la kweli. Johnson alifariki mwaka 2005. Kwa upande wetu twaona kwamba maneno ni ya Berry yote, wala Johnson mwenyewe hakuyadai. Lakini muziki ulizaliwa kati ya watu wawili katika ukumbi wa Cosmopolitan, usiku baada ya usiku, na karatasi ya mtunzi ilikuwa na nafasi ya yule aliyejua kuijaza. Mtu aliyeteswa na majina ya uongo juu ya Maybellene alipaswa kulielewa hilo kuliko wengine.

Berry aliendelea kuimba karibu kila mwezi katika mkahawa wa Blueberry Hill, mjini St. Louis, tangu 1996 hadi 2014, akiwa mzee wa miaka 87. Alifariki nyumbani kwake Missouri tarehe 18 Machi 2017, akiwa na miaka 90. Santuri yake ya mwisho ilitoka miezi mitatu baadaye.

Limebaki jambo moja ambalo wasomaji wa Kongo hawana budi kulijua. Mwaka 1977 Wamarekani walirusha vyombo viwili vya angani viitwavyo Voyager, na ndani ya kila kimoja wakaweka santuri ya shaba iliyopakwa dhahabu, yenye sauti za dunia, iliyochaguliwa na kamati ya Carl Sagan. Ina salamu katika lugha 55. Kiganda kimo, Kinyanja kimo, Kisotho kimo, hata Kisumeri kilichokufa kimo, Kiswahili hakimo. Katika muziki yumo Beethoven, yuleyule ambaye Berry alimwambia mwaka 1956 ajisogeze, na yumo Berry mwenyewe, kwa Johnny B. Goode, dakika 2 na sekunde 38. Umo pia wimbo kutoka nchi iliyoitwa wakati huo Zaire: wasichana wa Wambuti wa msitu wa Ituri wakiimba katika sherehe ya kuvunja ungo, sekunde 56. Chombo cha kwanza kilitoka katika eneo la upepo wa Jua mwaka 2012, nacho kinazidi kwenda. Katika orodha ya nyimbo, penye Johnny B. Goode limeandikwa jina la Chuck Berry. Penye wimbo wa Ituri limeandikwa jina la Colin Turnbull, mtaalamu aliyeurekodi. Majina ya wasichana walioimba hayakuandikwa.